Jina Kapuni: Staa wa Uluguru Aliyetunza Marando Nyuma ya Nyumba

Wadau, leo nawaletea staa ambaye jina lake liko kapuni. Ila safari hii sio kwamba namlinda, na wala sio kwamba naogopa kupigiwa simu usiku. Jina lake liko kapuni kwa sababu hakuna aliyejisumbua kuliandika. Na bila yeye, kile kiazi kitamu unachokula na chai asubuhi huenda kisingefika mezani kwako.

Ukipita uani kwenye nyumba za Moro, iwe Mji Mpya, Kilakala au Kichangani, utaona kijituta kimoja pembeni ya karo. Majani yametambaa mpaka kwenye ukuta. Wengi wetu tunajua ni matembele, tunachuma, tunaunga na nazi, maisha yanaendelea. Kumbe pale ni benki.

Iko hivi. Kiazi kitamu shambani hakipandwi kwa mbegu za pakiti. Kinapandwa kwa marando, yale mashina yanayotambaa. Sasa masika yanaisha Mei, halafu kinakuja kiangazi mpaka vuli, Oktoba au Novemba huko. Marando yakikauka yote miezi hiyo, mvua inakuta huna cha kupanda. Unabaki unatazama mawingu tu.

Hapo ndo staa wetu anapoingia. Anakata marando machache na kuyachomeka penye unyevu: bondeni kando ya mto, chini ya mgomba, au nyuma ya jiko pale yanapomwagwa maji ya kuoshea mchele. Kila jioni anayapa kibakuli kimoja. Hamwagilii ili apate viazi. Anamwagilia ili mbegu isife.

Mimi nililijua hili kwa aibu. Kiangazi kimoja bibi alilazwa, zamu ya kumwagilia ikawa yangu. Nilimwagilia siku tatu, siku ya nne kulikuwa na mechi, baada ya hapo nikasahau kabisa. Bibi aliporudi alikuta kamba kavu. Hakunigombeza. Alichukua kanga, akaenda kwa jirani, akarudi na fungu la marando kichwani. Jirani hakumdai hata senti, maana mwaka mwingine yeye ndiye aliyekuja kuomba kwetu.

Na hicho kiazi sio mwenyeji wa huku. Asili yake ni Amerika ya Kati na Kusini, na mara nyingi Wareno ndio wanaotajwa kukileta upande wetu wa Afrika, baada ya meli zao kuanza kuzunguka Bahari ya Hindi. Tangu pwani mpaka milimani, marando yamesafiri mkono kwa mkono. Mtu anaolewa kijiji kingine, anaondoka na fungu lake. Hakuna risiti, hakuna jina.

Sasa sikia. Kuna watu waliwahi kupanda milima ya Uluguru kwenda kumfundisha huyu mama namna ya kutunza udongo na maji.

Ilikuwa mwanzoni mwa miaka ya 1950, Tanganyika ikiwa chini ya Waingereza. Serikali ilianzisha mpango wa matumizi ya ardhi Uluguru. Hofu yao haikuwa ya uongo: milima ina mteremko mkali, udongo unateremka na mvua, na mito ya kule ndiyo inayoulisha mto Ruvu. Tatizo likawa dawa yenyewe. Watu walilazimishwa kuukata mlima kwa ngazi, kama vidato vya uwanja wa mpira, na asiyechimba alikabiliwa na adhabu.

Udongo wenye rutuba kule juu ni tabaka jembamba. Ukichimba ngazi kwa nguvu unaufukia mzuri na kuutoa nje ule mbaya wa chini. Watu wakachimba mpaka migongo ikauma, halafu mazao yakatoka hafifu. Na kumbuka, kwa Waluguru ardhi ya ukoo hupita upande wa mama. Mwanamke anayelima pale sio kibarua wa mtu, yuko kwa mama zake. Anaujua ule udongo kama anavyoijua sufuria yake.

Hasira zikapanda. Julai 1955, TANU ikiwa na mwaka mmoja tu tangu izaliwe, vurugu zililipuka Matombo. Polisi wakafyatua risasi, mtu mmoja akafa. Baada ya hapo mpango ukaachwa.

Mtu amekufa kwa sababu ya namna ya kulima. Tukila kiazi cha kuchemsha tukumbuke na hilo.

Yule mama yeye aliendelea na mambo yake. Anakusanya majani na nyasi, anazifukia ndani ya tuta. Zikioza zinakuwa mbolea, na zinashika maji kama sponji. Hakuhitaji kuuvunja mlima.

Kwa hiyo ukitaka kupanda vyako uani, hata kwenye kiroba, mfuate yeye. Kata ncha ya rando yenye urefu kama kutoka kiganjani mpaka kwenye kiwiko, fukia zaidi ya nusu. Wiki mbili tatu za mwanzo mwagilia mara kwa mara mpaka lishike mizizi. Baada ya hapo punguza: mwagilia udongo ukikauka, usiloweke. Maji mengi na mbolea nyingi vitakupa majani ya kupigia picha, chini hamna kitu. Marando yakitambaa, yanyanyue yasitoe mizizi ovyo pembeni. Tuta likipasuka, rudishia udongo, maana kwenye ule ufa ndo fukusi anaingia kutoboa kiazi. Karibu na kuvuna, kata maji, viazi visipasuke wala kuoza. Miezi mitatu hadi mitano unachimba. Na kabla hujachimba, weka marando pembeni!

Mwaka 2016 Tuzo ya Chakula Duniani ilikwenda kwa watu wanne, na watatu kati yao, Maria Andrade wa Cape Verde, Robert Mwanga wa Uganda na Jan Low wa Marekani, walitambuliwa kwa kazi ya viazi lishe, vile vya rangi ya chungwa vyenye vitamini A. Wanastahili, tena sana. Ila viazi lishe navyo vinapandwa kwa marando. Mtaalamu akishaondoka na gari lake, kiangazi kikiingia, lazima awepo mtu nyuma ya nyumba na kibakuli cha maji.

Huyo ndiye staa wetu. Bibi yangu ni mmoja wao, na siku hizi zamu ya jioni ni yangu. Hata kuwe na derby.

Kwenu marando anayatunza nani? Mtaje hapo chini kwenye komenti, leo tumtoe kapuni.