Kitabu cha Dzyan: nani alikiona?

Niwe mkweli, kitabu hiki kiliniteka. Mwaka 1888 Helena Blavatsky alitoa The Secret Doctrine, akidai anafafanua beti za Kitabu cha Dzyan, muswada wa kale mno wa lugha iitwayo Senzar. Humo hata wakati wenyewe unalala, kisha ulimwengu unaamka upya. Tamu kweli! Ila Senzar hakuna mwanaisimu anayeitambua, na William Emmette Coleman alimshutumu kwamba amechota kwenye tafsiri ya Wilson ya Vishnu Purana. Kinachoniudhi si wizi tu. Hesabu za Wahindu, mahayuga moja miaka 4,320,000, hazikuwa siri hata kidogo. Yeye kazivisha ushungi, watu wakashangaa. Baadaye Lovecraft akakitaja kwenye hadithi zake za kutisha. Huko kimekaa vizuri zaidi.