Kobalti ya Kasulo na Elementi Zilizofanywa na Watu

Mwaka 2014, huko Kasulo, mtaa wa mji wa Kolwezi, watu waligundua kwamba chini ya nyumba zao mna kobalti nyingi. Wakaanza kuchimba mashimo uani, hata vyumbani. Mwaka 2017 sehemu ya mtaa ilizungushiwa ukuta, na wenyeji wake wakahamishwa.

Kobalti ile haikufanywa na mtu. Ni elementi, yaani kitu kisicho mchanganyiko. Kiwanda huitenga na jiwe lake tu, wala hakiwezi kuiumba. Elementi zijulikanazo leo ni 118: nyingi zimo ardhini, majini na hewani, nyingine zimefanywa na watu.

Zimefanywaje? Karibu na Likasi, mashariki ya Kolwezi, pana Shinkolobwe, palipogunduliwa urani mwaka 1915. Mwaka 1941, huko Berkeley, Marekani, Glenn Seaborg na wenzake walithibitisha kwamba urani, ikipigwa kwa vijichembe viendavyo kasi mno, huzaa plutoni, elementi ambayo ardhini karibu haipo kabisa. Basi tarehe 9 Agosti 1945 bomu la plutoni likateketeza Nagasaki. Urani nyingi ya kazi ile ilitoka Shinkolobwe.

Kobalti nayo, ikitiwa katika tanuru la atomu, hugeuka kobalti 60, isiyopatikana machimboni. Miale yake imetibu wagonjwa wa saratani tangu 1951.

Twaona, basi, kwamba hata vitu tujisifuvyo kuvifanya twavianza kwa kitu tulichokikuta ardhini. Na sisi wenye simu mkononi tusimsahau aliyekichimba chini ya nyumba yake.