Neno Uhuru katika Santuri ya Mwaka 1960

Katika mtaa wa Kaloleni, hapa Kisumu, Kiswahili husikika tangu alfajiri. Muuza samaki hukitumia kumwita mnunuzi asiyejua Kijaluo, na utingo wa matatu hukitumia kuwaita abiria. Kwa kuwa lugha hii imetuzunguka kila upande, wako wanafunzi wanaoidharau. Huiona kuwa ni lugha ya sokoni tu, nao hudhani kwamba mambo makubwa ya ulimwengu hayana budi kunenwa kwa Kiingereza. Yafaa wanafunzi wa namna hiyo waisikie habari ya santuri iliyopigwa mjini New York mnamo Novemba 1960, ambayo jina lake ni Uhuru Afrika.

Aliyeiongoza kazi hiyo alikuwa Randy Weston, mpiga piano, aliyezaliwa Brooklyn mwaka 1926. Alikuwa miongoni mwa wanamuziki wa jazi waliotaka muziki wao usiache asili yake, yaani nyimbo za makanisa ya watu weusi, blues, na mapigo mazito ya ngoma. Baba yake alimfundisha tangu utotoni kwamba yeye ni Mwafrika aliyezaliwa Marekani. Hata hivyo, alipoitunga kazi hii hakuwa bado amekanyaga ardhi ya Afrika. Alifika mara ya kwanza mwaka 1961, mjini Lagos.

Mwaka 1960 nchi 17 za Afrika zilijipatia uhuru, naye Weston akataka kuuadhimisha mwaka huo kwa muziki. Mshairi mashuhuri Langston Hughes alimwandikia maneno. Melba Liston, mwanamke hodari wa kupiga trombone, aliipanga kazi ya kila chombo katika bendi ile kubwa. Wapiga ngoma walitoka pande mbalimbali: Babatunde Olatunji wa Nigeria, Candido na Armando Peraza wa Kuba, na Max Roach wa Marekani.

Santuri ina sehemu nne: Uhuru Kwanza, African Lady, inayowasifu wanawake wa Afrika, Bantu, na Kucheza Blues. Mtu wa pwani ya ziwa letu hatashangazwa na wingi wa mapigo yake. Mpiga nyatiti mmoja huchezesha vidole juu ya nyuzi nane, hugonga chombo kwa pete ya chuma iliyo katika kidole cha mguu, na papo hapo huimba. Mapigo yale hutofautiana, lakini hayagombani. Ndivyo zilivyo ngoma za santuri hii.

Lakini jambo lililo kubwa kwetu ni lugha. Weston alieleza baadaye kwamba katika utoto wake sinema za Tarzan ziliwaonyesha Waafrika kama watu wasio na lugha ya maana. Kwa hiyo aliazimia kwamba lugha ya Kiafrika isikike mwanzo kabisa wa kazi yake. Akawauliza wajumbe wa Afrika katika Umoja wa Mataifa, ni lugha gani ingefaa kusimama kwa niaba ya bara zima? Wakamjibu: Kiswahili. Basi Tuntemeke Sanga, Mtanganyika aliyekuwa New York, akayasoma maneno ya uhuru kwa lugha hiyo.

Na tutazame tarehe. Novemba 1960 Tanganyika ilikuwa bado chini ya Waingereza, maana uhuru wake ulifika tarehe 9 Desemba 1961. Uganda ilingoja hadi Oktoba 1962, na Kenya hadi Desemba 1963. Jomo Kenyatta alikuwa bado kizuizini. Sanga, basi, alilisoma neno uhuru akiwa mtu ambaye nchi yake haikuwa nao.

Wala Wamarekani weusi hawakutusaidia kwa sauti peke yake. Mwaka 1959 Tom Mboya, ambaye kwao ni Kisiwa cha Rusinga, alikuwa akitafuta nauli za wanafunzi 81 waliokuwa wakienda kusoma Marekani. Waimbaji na waigizaji Harry Belafonte na Sidney Poitier, pamoja na mchezaji Jackie Robinson, walitia saini barua ya kuomba michango kwa ajili yao.

Pengine mtu atauliza: je, santuri ilimkomboa nani? Ni kweli kwamba uhuru ulipatikana kwa jasho na damu ya wananchi wenyewe, na hakuna wimbo uliowafungua wafungwa. Lakini mwaka 1964 serikali ya makaburu wa Afrika Kusini iliipiga marufuku santuri hii. Mwaka ule ule ilimhukumu Nelson Mandela kifungo cha maisha. Serikali yenye bunduki na magereza haihangaiki kuzuia muziki usiodhuru mamlaka yake. Iliogopa kwamba watu wake wangelisikia neno lile wakalitaka.

Weston alifariki mwaka 2018, akiwa na umri wa miaka 92. Santuri yake ingaliko, nayo ni ushahidi wa historia kama zilivyo hati za mikutano. Mwanafunzi anayeona haya kusema Kiswahili darasani na akumbuke kwamba, palipotafutwa lugha ya kulibeba neno uhuru mbele ya ulimwengu, ilichaguliwa hii anayoisikia kila asubuhi mlangoni pake.