Wasichana wa Kashasha hawakuwa wakifurahi

Jumanne ya tarehe 30 Januari 1962, wanafunzi watatu wa shule ya kati ya wasichana ya Kashasha walianza kucheka, wakashindwa kujizuia. Tanganyika ilikuwa na uhuru ambao haujatimiza hata miezi miwili. Siku nane kabla, Julius Nyerere alikuwa amejiuzulu uwaziri mkuu na kumwachia Rashidi Kawawa, kwa hiyo Dar es Salaam ilikuwa na mengine ya kuzungumza. Kashasha iko kiasi cha kilomita 40 kutoka Bukoba mjini, katika eneo ambalo leo ni Wilaya ya Muleba na wakati ule lilihesabiwa kuwa Bukoba tu. Shule ilikuwa ya misheni, ya bweni, yenye wasichana 159.

Kicheko hakikuisha siku ile. Kilimwacha huyu kikamshika yule. Kufikia tarehe 18 Machi wasichana 95 walikuwa wameshikwa, masomo hayaendi, na shule ikafungwa.

Tunayajua haya kwa sababu madaktari wawili, A. M. Rankin na P. J. Philip, waliyaandika, na taarifa yao ikachapishwa mwaka 1963 katika jarida la kitabibu la Afrika ya Kati. Ni taarifa fupi, kavu kama zilivyo taarifa za madaktari, na karibu kila mtu aliyeandika kuhusu Kashasha tangu hapo ameiegemea, hata wale ambao inaonekana hawakuisoma. Hadithi iliyozunguka dunia inasema kwamba huko Tanganyika mtu mmoja alitoa mzaha, wasichana wakacheka mwaka mzima bila kupumzika. Mzaha huo haumo katika taarifa. Wala hakuna binadamu anayeweza kucheka mwaka mzima. Misuli ya mbavu ingekataa mapema sana.

Madaktari waliandika hivi. Shambulio lilianza ghafla, kwa kawaida baada ya msichana kuwa karibu na mwenzake aliyekwisha kushikwa, saa chache au siku chache baadaye. Alicheka, kisha akalia, kisha akacheka tena, dakika kadhaa au saa kadhaa. Akatulia. Kisha likarudi. Kwa wengine hali hiyo ya kushikwa na kuachwa ilidumu saa chache tu, kwa wengine hadi siku 16, na katika muda huo msichana alishindwa kazi zake. Alihangaika huku na huku, na akizuiwa kwa nguvu aliweza kuwa mkali. Baadhi walisema kuna vitu vinatembea kichwani. Baadhi waliogopa kwamba kuna mtu anawakimbiza.

Mtu anayeogopa kwamba anakimbizwa, hata kama kinywa chake kinatoa sauti ya kicheko, hana furaha. Nadhani jambo hili moja, lililoandikwa kwa ufupi katika taarifa ya 1963, lingetosha kuizima ile hadithi ya kuchekesha, lakini wasimulizi wengi hulipita haraka.

Kufunga shule kuliwatawanya wasichana, na ugonjwa ukatawanyika nao. Siku kumi baada ya Kashasha kufungwa, watu wa Nshamba, ambako baadhi ya wanafunzi walikuwa na makwao, walianza kushikwa. Katika Aprili na Mei wakahesabiwa 217 katika eneo la watu kama 10,000, wengi wao wakiwa vijana na wanafunzi, wavulana kwa wasichana. Tarehe 21 Mei Kashasha ilifunguliwa tena. Wasichana 57 wakashikwa, na mwishoni mwa Juni milango ikafungwa kwa mara ya pili. Wakati huohuo shule nyingine ya kati ya wasichana, pembeni mwa mji wa Bukoba, ilipata wagonjwa 48 kati ya wanafunzi 154, nayo ikafungwa tarehe 18 Juni. Madaktari waliiandika “Ramashenye”. Mwenyeji ataitambua kuwa Rwamishenye. Msichana mmoja kutoka hapo akarudi kwao “Kanyangereka”, yaani Kanyangereko, na ugonjwa ukaanzia kwa ndugu zake wa karibu kabla ya kufika katika shule mbili za wavulana za jirani. Hesabu zinazotajwa baadaye ni shule 14 zilizofungwa na watu wapatao 1,000 walioshikwa. Hakufa hata mmoja.

Wazazi walitaka kujua watoto wao wamelishwa nini. Wengine waliushuku unga wa mahindi wa shuleni. Wengine walisema hewa imetiwa sumu na mabomu ya atomiki, na dhana hiyo isidharauliwe: miaka ile Marekani na Umoja wa Kisovieti zilikuwa zikilipua mabomu ya majaribio angani, na redio zilitangaza. Walioona mkono wa mizimu walikuwapo pia, katika nchi ya Wahaya ambako kupandwa na mizimu iitwayo emandwa kulikuwa jambo la kale kuliko misheni yoyote.

Madaktari nao walikuwa na shaka yao, virusi, na walikuwa na sababu nzuri. Mwaka 1959 homa mpya iliyopewa jina la o'nyong'nyong ilikuwa imeibuka kaskazini mwa Uganda, ikazunguka Ziwa Viktoria na kuingia Tanganyika, na kuwaangusha watu wapatao milioni mbili kwa maumivu ya viungo. Ugonjwa unaoruka kutoka shule hadi kijiji mwaka 1962, kando ya ziwa lilelile, ulistahili kutazamwa kwa jicho hilo. Kwa hiyo walichukua damu. Walichukua maji ya uti wa mgongo. Walipeleka sampuli kwenye maabara ya utafiti wa virusi ya Entebbe. Walikichunguza chakula cha shule. Homa hawakuikuta. Mboni za baadhi ya wagonjwa zilikuwa zimetanuka lakini zilisinyaa zikimulikwa. Maji ya uti wa mgongo yalikuwa safi. Na walimu wa Kashasha, Wazungu wawili na Waafrika watatu, hawakuugua hata mmoja, ingawa waliishi na wasichana hao.

Wakahitimisha kwamba ni histeria ya pamoja. Leo wataalamu wengi wamelikwepa neno histeria kwa sababu limebebeshwa dharau nyingi, hasa kwa wanawake, lakini uamuzi wenyewe umesimama kwa zaidi ya miaka 60.

Hapa ndipo msomaji wa kawaida hukwama, nami sishangai. Akiambiwa kwamba vipimo ni safi, husikia kwamba msichana anaigiza. Wapo walimu mpaka leo wanaoamini hivyo na kutafuta fimbo. Ila kuna nafasi pana kati ya kuigiza na kuugua virusi, na kicheko ni njia nzuri ya kuiona nafasi hiyo.

Ubongo wa binadamu una njia mbili za kucheka. Ipo ya hiari, ile unayoitumia mkubwa wako wa kazi anapotoa mzaha usiochekesha. Hii huanzia sehemu za mbele za ubongo, mahali panapopangwa matendo ya kukusudia. Ipo ya pili, inayotoka chini zaidi, katika sehemu zinazoshughulika na hisia na kushuka kwenye shina la ubongo, ambako pumzi na sauti huendeshwa bila kukuomba ruhusa. Ya pili ndiyo inayokushika msibani wakati usiotaka kabisa. Njia hizi zinaweza kutengana. Kuna aina ya kifafa, nadra, inayoletwa na uvimbe mdogo chini kabisa ya ubongo, ambapo mtoto hucheka kwa sekunde kadhaa na baadaye husema hakuona lolote la kuchekesha. Kuna watu waliopata kiharusi ambao hucheka au kulia kwa jambo dogo huku moyoni wakiwa shwari.

Kwa kifafa, fahamu mara nyingi hukatika: mtu huanguka, au hutazama bila kuona, na akizinduka hakumbuki. Katika miaka ileile ya Kashasha, daktari Louise Jilek-Aall, mzaliwa wa Norwei, alikuwa amefungua kliniki ya kifafa Mahenge, kusini mwa nchi, kwa wagonjwa ambao jamaa zao waliogopa hata kushiriki nao chakula. Wasichana wa Kashasha walikuwa na shida nyingine. Hawakuzirai. Walikuwa macho, walijua wako wapi, walijua kwamba wanacheka. Kilichokatika ni ule uzi unaomfanya mtu ahisi kwamba tendo la mwili wake ni lake. Mwaka 2010 watafiti waliwapiga picha za ubongo watu wanaotetemeka bila ugonjwa wa neva unaoonekana. Walipotetemeka bila hiari, sehemu ya upande wa kulia inayolinganisha kilichokusudiwa na kilichotokea ilifanya kazi kidogo kuliko pale watu haohao walipojitetemesha makusudi. Mtetemeko ni uleule kwa macho ya mtazamaji. Kwa mwenye mwili ni vitu viwili.

Pengine swali gumu zaidi ni kwa nini wao, na kwa nini pale. Mtaalamu wa isimu na kicheko Christian Hempelmann, aliyeirudia habari hii mwaka 2007, alisisitiza kwamba kicheko kilikuwa dalili moja tu kati ya nyingi, pamoja na kilio, maumivu na kuzimia katika masimulizi ya baadaye, na kwamba chanzo kitafutwe katika mashinikizo ya maisha ya wasichana hao. Nakubaliana naye kwa sehemu kubwa. Msichana wa shule ya kati mwaka 1962 alikuwa mmoja kati ya wachache mno. Alikuwa amevuka mchujo wa darasa la nne na mbele yake kulikuwa na mtihani wa darasa la nane. Alilala bwenini chini ya kengele na kanuni za misheni, mbali na mama na shangazi, huku nje redio ikisema kwamba nchi ni yake na mambo yote yatabadilika. Kulalamika hakukuwa na mlango. Katika mazingira kama hayo mwili mmoja ukipata njia ya kusema, miili mingine iliyolala safu moja, inayokula pamoja na kuogopa pamoja, huiona njia hiyo. Utaratibu huu umeonekana katika nyumba za watawa za Ulaya na katika viwanda vya Asia, na karibu kila mara kwa watu wa chini, waliofungiwa pamoja, wasioweza kuondoka. Ndiyo maana nadhani kinga ya walimu watano wa Kashasha haikuwa elimu yao. Wao wangeweza kuomba uhamisho.

Na ndiyo maana siuoni ufunguzi wa tarehe 21 Mei kuwa wa busara. Wasichana walewale walirudishwa kwa pamoja kwenye bweni lilelile. Madaktari wa siku hizi hufanya kinyume: huwatenganisha walioshikwa, huwaondoa watazamaji, huongea kwa utulivu, na humweleza mgonjwa kwamba anachokipata ni cha kweli na kitapita.

Kashasha haikubaki peke yake. Mwaka 1964 daktari wa akili wa Uganda, Benjamin Kagwa, aliandika katika jarida la tiba la Afrika Mashariki kuhusu milipuko ya kucheka na kukimbia ovyo nchini mwake. Mwaka 2008 wasichana wa shule moja ya msingi mjini Tabora walizirai wakati wa mtihani wa darasa la saba. Oktoba 2023 ikawa zamu ya shule ya wasichana ya Eregi, Kaunti ya Kakamega nchini Kenya: makumi ya wanafunzi walishindwa kutembea, wakirusharusha miguu, na video zikafika kwenye simu za watu kabla ya daktari kufika. Maofisa wa afya wakazungumzia histeria.

Wazazi wa Eregi hawakuridhika kirahisi, na ninawaelewa. Miezi sita tu kabla, katika kaunti hiyohiyo, shule ya wasichana ya Mukumu ilikuwa imezika wanafunzi. Pale vipimo vilionyesha bakteria waliotokana na uchafu katika maji na chakula. Kama mtu angeingia Mukumu na jibu la Kashasha mfukoni, angeongeza makaburi. Kosa la namna hiyo lilikaribia kutokea huko Papua New Guinea katika miaka ya 1950, kwa Wafore, ambao wanawake na watoto wao walikuwa wakitetemeka, wakicheka ovyo na kufa. Waliofika mwanzo waliushuku ugonjwa huo kuwa histeria. Ulikuwa kuru, ugonjwa unaoula ubongo, na Carleton Gajdusek alipata Tuzo ya Nobel mwaka 1976 kwa kuonyesha kwamba unaambukiza.

Kagera yenyewe, mkoa wenye Bukoba na Muleba, inafahamu pande zote mbili. Hospitali ya Ndolage, hukohuko Muleba, ndiko walikoonekana wagonjwa wa kwanza wa UKIMWI nchini, mwaka 1983. Na tarehe 21 Machi 2023 serikali ilitangaza kwamba ugonjwa uliokuwa ukiua watu Bukoba Vijijini ni Marburg. Wagonjwa walikuwa tisa, sita wakafa, na mlipuko ukatangazwa umekwisha tarehe 2 Juni. Kata zilizotajwa zilikuwa Maruku na Kanyangereko, ileile ambayo mwaka 1962 msichana wa Rwamishenye aliifikishia kicheko. Safari hii pia damu ilichukuliwa na kupelekwa maabara. Ilirudi na virusi.