Wavuvi wa Ndagala wa Usumbura

Tangu zama Wajerumani walipojenga boma lao Usumbura, mji uitwao leo Bujumbura, kitoweo cha wakazi wake, hususan Waswahili, kimekuwa ndagala, yaani dagaa, wa Ziwa Tanganyika, waliovuliwa usiku wa giza kwa mienge ya kuni mitumbwini. Katika miaka ya 1950 karabai zilichukua mahali pa mienge, na Wagiriki wakaleta nyavu kubwa za kuzungushia. Basi atakaye kuipiga filamu riziki ya mji huu, asiridhike na wingi wa mavuno ufukweni, bali ausubiri mwezi mpevu, ambapo wavuvi wa taa hupumzika na ziwa likapata nafuu. Kwani mapumziko hayo ni hifadhi iliyozitangulia kanuni zote za serikali.