Kabla Mshikaji Hajakuvuta Mkono: Historia ya Bega Lililochomoka, Kuanzia Makaburi ya Misri

Ile muvi ya mapolisi wawili ya mwaka 1989, sehemu ya pili, wengi mmeiona. Staa anavalishwa koti la kufungia wagonjwa wa akili, anawekeana dau na wenzake ofisini, analichomoa bega lake mwenyewe na kujinasua. Kisha anajigonga, kwa! Bega limerudi na maisha yanaendelea.

Tangu hapo kila mtaa una daktari wake wa bega. Mtu akianguka na bodaboda, au akikanyagana na beki kwenye mechi ya mchangani, bega likahama, lazima atatokea jamaa mmoja kifua mbele: "Mshikeni vizuri, mimi najua kulirudisha!" Wawili wanamkamata kiunoni, mmoja anavuta mkono kama anavuta kamba ya jahazi, na majeruhi anapiga ukunga hadi majirani wanatoka nje.

Kitu ambacho jamaa hajui ni kwamba binadamu wameshahangaika na bega kwa zaidi ya miaka 3,000, na somo kubwa walilolipata ni kwamba nguvu sio dawa.

KWA NINI BEGA NA SIO NYONGA?

Nyonga yako imekaa ndani ya tundu lenye kina, kama mchi ndani ya kinu. Bega ni tofauti. Kichwa cha mfupa wa mkono wa juu ni duara kubwa lililoegemea kisahani kidogo, tena kisicho na kina. Kinacholishikilia pale ni kano, misuli na ukingo wa gegedu unaozunguka kile kisahani.

Faida yake unaijua. Unarusha mpira, unajikuna mgongoni, unaning'inia kwenye daladala. Hasara yake ni kwamba, kati ya viungo vikubwa vyote vya mwili, hiki ndicho kinachotenguka mara nyingi zaidi. Zaidi ya mara 9 kati ya 10 mfupa hutokea kwa mbele, hasa mkono ukiwa umeinuliwa na kutanuliwa halafu ukasukumwa nyuma, au ukiangukia kiganja. Kutokea kwa nyuma ni nadra, na mara nyingi chanzo chake ni degedege la kifafa au kupigwa shoti ya umeme.

FUNDI ASIYE NA JINA

Sasa twende Misri, kijiji cha Deir el-Medina, ng'ambo ya mto Nile kutoka Luxor. Hapo waliishi mafundi waliochonga makaburi ya mafarao. Mmoja wao, mchongaji Ipuy aliyeishi zama za Ramesses II, alitengenezewa kaburi lake na ndani yake kukachorwa mafundi wakiwa kazini. Picha haikuficha kitu. Mmoja nyundo inamdondokea mguuni, mwingine anatibiwa jicho, na mwingine yuko chini huku mwenzake amemshika mkono uliokunjwa kiwiko, anaushughulikia bega.

Hiyo ni takriban miaka 3,200 iliyopita. Jina la aliyeumia halipo, la aliyemtibu halipo. Ila angalia vizuri: hakuna watu wanne wanaovuta. Kuna mtu mmoja, amekunja kiwiko cha mwenzake. Hiyo picha iweke kichwani, tutairudia.

MGIRIKI NA KISIGINO CHAKE

Miaka kama 2,400 iliyopita, maandishi yanayobeba jina la Hippocrates, yule Mgiriki anayeitwa baba wa tiba, yalilipa bega nafasi kubwa kuliko unavyodhania. Wagiriki walipenda mieleka, na kwenye mieleka mabega yalichomoka kweli kweli.

Njia zake ni sinema tupu. Ya kwanza: mgonjwa analala chali, daktari anakaa chini akimwelekea, anamwekea kisigino kwapani huku akivuta mkono. Ya pili: mtu mrefu anaingiza bega lake kwapani mwa mgonjwa na kumnyanyua juu kama kiroba. Na kama mgonjwa ni mwepesi, mtoto anamning'inia kwa nyuma kuongeza uzito! Nyingine mgonjwa alitundikwa kwenye ngazi, kwapa likiwa limeegemea kipago.

Kwa wale ambao bega lao lilikuwa linatoka kila mara, dawa ilikuwa moto. Vyuma vyembamba vilipashwa hadi vikawa vyekundu, vikapitishwa kwenye ngozi ya kwapani, kisha mkono ukafungwa ubavuni muda mrefu ili kovu likaze na kuziba njia ya mfupa. Ukatili? Ndio. Lakini mzee alikuwa ameshaona tatizo halisi: kulirudisha bega ni nusu ya kazi, nusu nyingine ni kulizuia lisitoke tena.

KARNE ZA KUVUTANA

Baada ya hapo dunia ikakaa kwenye kuvuta kwa karne na karne. Hata mwanzoni mwa miaka ya 1800, madaktari bingwa wa London walitumia makapi na kamba, mashine zile zile za kunyanyulia mizigo, kwa bega lililogoma kurudi. Mgonjwa alikuwa macho, anasikia kila kitu.

Hapa ndipo ilipo ishu yenyewe. Bega likitoka, misuli inayolizunguka inakaza kwa maumivu. Ukivuta, maumivu yanazidi. Maumivu yakizidi, misuli inakaza zaidi. Kwa hiyo unashindana na misuli ya mgonjwa mwenyewe, na katikati ya hayo mashindano kuna mshipa mkubwa wa damu na neva zinazopita kwapani. Ndio maana wengine bega lilirudi, ila mkono ukabaki umepooza.

Mambo manne yakabadilisha mchezo.

Mwaka 1846, Boston, Marekani, daktari wa meno alionyesha hadharani kwamba mvuke wa etha unaweza kumlaza mgonjwa wakati wa operesheni. Misuli ikilala, haipigani.

Mwaka 1870, daktari kijana wa Uswisi, Theodor Kocher, alichapisha njia isiyohitaji mabavu: kiwiko kinakunjwa, kinabanwa ubavuni, mkono unazungushwa taratibu kwenda nje, unainuliwa mbele, unarudishwa ndani. Kocher alikuja kupata Nobel mwaka 1909, ingawa ilikuwa kwa kazi ya tezi ya shingo. Na hapo ndipo madaktari waliokuja kuitazama ile picha ya kaburini waliposhtuka. Yule fundi wa Misri anafanya kitu kinachofanana mno na njia ya Kocher!

Mwaka 1895, Wilhelm Röntgen wa Ujerumani akagundua eksirei. Kabla ya hapo daktari alipapasa na kukisia. Sasa angeweza kuona kama mfupa umehama tu, au umevunjika pia. Tofauti hiyo ni kubwa, kwa sababu ukivuta bega lililovunjika unaharibu kabisa.

Mwaka 1900, Lewis Stimson wa New York akaja na njia rahisi kuliko zote: mgonjwa analala kifudifudi, mkono unaning'inia pembeni ya kitanda na uzito kidogo, halafu mnasubiri. Misuli inachoka yenyewe, bega linateleza kurudi.

Ile nusu ya pili aliyoihangaikia Hippocrates ilipata jibu mwaka 1923. Mwingereza Blundell Bankart alieleza kwamba kwa wengi wanaotenguka mara kwa mara, ule ukingo wa gegedu umeng'oka kwenye kisahani na haujashika tena. Dawa yake ilikuwa kuushona urudi mahali pake. Leo operesheni hiyo hufanyika kupitia matundu madogo yenye kamera, bila moto wa kwapani.

USIPIME KWA MACHO YA MTANDAONI

Tarehe 26 Mei 2018, jijini Kyiv, fainali ya Ligi ya Mabingwa Ulaya. Mshambuliaji mmoja, mtoto wa Misri, nchi ile ile ya yule fundi, alinaswa mkono na beki, wakaanguka wote, akatoka uwanjani analia. Mitandaoni vipimo vikatoka dakika hiyo hiyo: "Bega limechomoka!" Alipopigwa picha, chama cha soka cha nchi yake kikasema ni kano zilizovutika. Siku 24 baadaye alikuwa Kombe la Dunia, akafunga penalti. Pata picha kama kuna mtu angelivuta lile bega pale pale kwenye nyasi.

Daktari anaangalia nini basi? Bega lililotoka mbele hupoteza ule mviringo wake, linakuwa na kona. Kiganja hakiwezi kugusa bega la upande wa pili. Anapima mapigo ya damu kwenye kifundo cha mkono, anagusa ngozi ya nje ya bega kuona kama kuna ganzi, kwa sababu ganzi pale inaashiria neva imeguswa. Eksirei inapigwa, bega linarudishwa kwa dawa ya maumivu au ya usingizi, na eksirei inapigwa tena kuhakikisha.

Kwa hiyo likikutokea, mkono ubaki ulivyo. Uushikilie na kanga au shati lililofungwa shingoni, weka barafu iliyofungwa kwenye kitambaa, nenda hospitali siku hiyo hiyo. Usilale nalo, maana linavyokaa nje ndivyo linavyozidi kuwa gumu kurudi.

Na vijana, hii ni yenu. Mzee akitenguka, hofu kubwa ni misuli kuchanika. Kijana aliye chini ya miaka 20 akitenguka mara ya kwanza, uwezekano wa bega kutoka tena ni mkubwa sana. Ndio maana baada ya kulirudisha kuna kupumzisha mkono, kuna mazoezi ya miezi kadhaa, na kwa wengine kuna operesheni. Ukiruka hiyo hatua ukarudi mazoezini wiki ijayo, siku moja litatoka ukiwa unavaa fulana tu.

Fundi wa Deir el-Medina hakuwa na eksirei wala dawa ya usingizi, lakini ukiangalia mikono ya aliyemshika, imetulia. Siku jamaa wa mtaani akisema "mshikeni", mwambie aite bajaji.

Wewe bega lako lilishawahi kukuhama? Nani alilirudisha, na kwa njia gani? Tiririka hapo chini.