John Monash: fundi wa madaraja aliyekabidhiwa jeshi

Safari hii tunaandika habari za kamanda wa vita. Tunajua baadhi yenu mkiona neno hilo tu mnataka kupita, na hatuwalaumu, maana makamanda ndio waliotufikisha huku tuliko. Lakini huyu ni wa namna nyingine kidogo. Vita ilimkuta ana miaka 49, ana kampuni ya ujenzi, ana mke na binti, na kitambi juu. Jeshi kwake lilikuwa kazi ya jioni na ya mwisho wa wiki. Miaka minne baadaye alikuwa anaongoza wanajeshi wote wa nchi yake waliokuwa wakipigana Ufaransa, na wanahistoria wengi wanamhesabu kati ya makamanda bora wa Vita Kuu ya Kwanza. Halafu vita ikaisha, akarudi kazini. Hilo la kurudi kazini ndilo lililotufanya tumwandike.

Jina lake John Monash, Mwaustralia. Alizaliwa Melbourne tarehe 27 Juni 1865. Wazazi wake, Louis na Bertha, walikuwa Wayahudi waliohamia kutoka Prussia, mji wa Krotoschin, ambao leo uko Poland. Baba alikuwa mtu wa duka, na biashara haikumnyookea. Nyumbani Kijerumani, shuleni Kiingereza, dini ya watu wachache, jina ambalo majirani hawalijui. Wengi wetu hapa hatuhitaji kuelezwa maisha hayo yakoje.

Shule aliipasua. Alipofika Chuo Kikuu cha Melbourne, mwaka wa kwanza akaanguka, kwa sababu badala ya kwenda darasani alikuwa anashinda maktaba na kwenye maigizo. Mwaka 1885 mama yake akafariki, pesa hakuna, akaacha chuo na kwenda kufanya kazi kwenye ujenzi wa Princes Bridge mjini Melbourne. Hapo ndipo alipoonekana. Kabla hajafika miaka 25, tena bila digrii, alikabidhiwa kusimamia ujenzi wa njia ya reli pembeni ya mji. Masomo akayamalizia huku anafanya kazi: akapata shahada ya sanaa, ya uhandisi, na ya sheria. Mtu wa hivyo kusoma kwake hakuishi.

Sasa tuje kwenye jeshi. Australia ya wakati ule ilikuwa na wanajeshi wachache sana wa kudumu. Wengi walikuwa raia wenye kazi zao, wanaofanya mazoezi jioni, Jumamosi, na kambi moja kwa mwaka. Ndugu zetu mliopo Tanzania mtasema hao ni mgambo, na neno hilo linafaa, ila msiwawazie wale wanaofukuza wamachinga sokoni. Monash aliingia kikosi cha wanafunzi mwaka 1884, na mwaka 1887 akapata uafisa katika mizinga ya kulinda pwani. Akakaa humo miaka na miaka bila vita yoyote, anajifunza ramani, hesabu za mizinga, na jinsi ya kukaa na watu. Mwaka 1913 alikuwa kanali, anaongoza brigedi ya askari wa muda kama yeye.

Lakini mchana alikuwa kontrakta. Yeye na mwenzake waliingia kwenye zege la nondo, kitu kigeni kabisa wakati ule, na walijenga madaraja mengi ya namna hiyo. Mwaka 1901 moja ya madaraja hayo, King's Bridge la mji wa Bendigo, liliporomoka wakati wa majaribio, mashine nzito zikiwa juu yake. Mtu mmoja alikufa. Ilikuja kuonekana kwamba elimu ya wakati ule haikujua vizuri nguvu zinavyotembea ndani ya daraja la tao lililokaa upande kama lile, lakini Monash na mwenzake walilijenga upya kwa gharama yao, na madeni yakawalemea kwa miaka. Sisi tunaona hapo ndipo alipofundwa ukamanda. Fundi akikosea hesabu, kitu kinaanguka mbele ya macho ya watu wote, na yeye ndiye anayelipa. Kwa majenerali wengi wa vita ile mambo hayakuwa hivyo: shambulio likishindwa, mwezi unaofuata linarudiwa vilevile na watu wengine.

Vita ilipoanza mwaka 1914 akapewa Brigedi ya 4. Maneno yakaanza hapohapo. Eti ni Mjerumani, eti ni jasusi, jina lenyewe halieleweki. Watu walipeleka malalamiko wakitaka aondolewe. Hakuondolewa. Aprili 1915 akashuka na brigedi yake Gallipoli, Uturuki, kwenye vilima vile vya pwani ambako Waaustralia walikwama miezi minane. Tusimpambe: Gallipoli hakung'ara. Mwezi wa Agosti watu wake walitakiwa kuteka kilima kiitwacho Hill 971. Walitembea usiku kwenye mabonde, ramani mbovu, askari wagonjwa na wamechoka, wakapotea njia, shambulio likashindwa. Wapo waandishi mpaka leo wanaomlaumu kwa usiku ule.

Mwaka 1916 akapewa Divisheni ya 3 aifundishe mwenyewe Uingereza, kisha akaipeleka Ubelgiji na Ufaransa. Mwaka 1917 alishinda mapigano kadhaa yaliyopangwa vizuri, halafu Oktoba, kwenye tope la Passchendaele, divisheni yake ilisukumwa mbele haraka bila maandalizi ya kutosha, na watu wakaisha. Alijua kwamba muda aliopewa hautoshi, akaomba kuongezewa siku moja, akanyimwa.

Mwisho wa Mei 1918 akakabidhiwa Kori ya Australia, divisheni tano. Na hapa kuna kisa cha kwetu kabisa. Waandishi wawili wa habari, Charles Bean na Keith Murdoch (huyu Murdoch ni baba wa yule tajiri wa magazeti), walifanya njama za chinichini aondolewe, awekwe afisa mwingine waliyempenda. Bean katika shajara yake alikuwa ameandika maneno ya kudharau asili ya Kiyahudi ya Monash. Waliweza kumfikia hata waziri mkuu, Billy Hughes. Hughes akaenda mwenyewe Ufaransa, akawauliza makamanda walio chini ya Monash mmoja mmoja. Wote wakasema huyo huyo. Akabaki. Miaka ya baadaye Bean alikiri katika maandishi yake kwamba jambo lile halikuwa la busara. Tunalitaja kwa sababu kila mmoja wetu ameshasikia kwamba kwa sababu ya kabila lake au nchi yake hawezi kuaminiwa kazi. Monash hakuandika barua ya kujitetea mtaani. Siku zilezile alikuwa anapanga shambulio la Hamel.

Hamel ni kijiji kidogo kaskazini mwa Ufaransa. Monash alikipangia shambulio kama anavyopanga daraja. Aliwaita wakubwa wote wa askari wa miguu, mizinga, vifaru na ndege wakae chumba kimoja, na kikao cha mwisho kilikuwa na agenda 133. Kila mtu aliuliza alichotaka, wakabishana, na walipotoka hakuna kubadilisha tena. Askari walipelekwa kwa makundi wakafanye mazoezi pamoja na vifaru, wavipande, wavishike, maana vifaru vilikuwa vimeshawaangusha mwaka uliopita na walikuwa hawaviamini. Imani yake ilikuwa kwamba mwili wa askari si kitu cha kuvunjia ukuta: kwanza itumike mizinga, mashine, vifaru na ndege, askari aje kuchukua ardhi iliyokwisha kufunguliwa.

Tarehe 4 Julai 1918 wakaenda. Alikadiria dakika 90, ikachukua 93. Upande wake waliouawa na kujeruhiwa walikuwa kama 1,400, wakiwemo Wamarekani waliopigana pamoja nao, na Wajerumani zaidi ya 1,500 wakatekwa. Kwa mtu wa leo hiyo bado ni misiba mingi. Kwa vita ile, ambako kwa shamba moja walikufa maelfu kwa wiki nzima, ilikuwa jambo la kushangaza.

Kuna kitu kimoja cha Hamel ambacho kilitukaa kichwani. Vifaru vinne vya mizigo vilibeba mpaka mbele risasi, maji, nyaya na mabati ambayo vinginevyo yangehitaji wabebaji 1,200, na ndege zilidondosha masanduku ya risasi kwa miavuli. Sasa jiulizeni, mwaka uleule, vita ileile, huku kwetu mizigo ilibebwa na nani? Waingereza, Wajerumani na Wabelgiji walipopigana Afrika Mashariki, mizigo ilikwenda kichwani na mabegani mwa babu zetu, kutoka Kongo mpaka Tabora, kutoka Kenya mpaka Msumbiji. Makumi ya maelfu walikufa, na wengi hawakufa kwa risasi, walikufa kwa kuhara, malaria na njaa. Kariakoo ya Dar es Salaam na Kariokor ya Nairobi zimebeba jina la kikosi chao cha wabebaji mpaka leo. Hatusemi kosa hilo ni la Monash, hakuwahi kupigana huku. Tunasema tu kwamba wazo lake la kumhurumia mtu kwa kutumia mashine lilifika kwa baadhi ya watu, kwa wengine halikufika.

Na tusidanganyane pia kuhusu nchi yake. Australia ilikuwa na sheria ya mwaka 1901 iliyowazuia watu wasio wazungu kuingia, kwa mtihani wa imla ambao afisa angeweza kuutoa kwa lugha yoyote ya Ulaya, mradi uanguke. Mtoto wa wahamiaji aliweza kuwa jenerali pale kwa sababu wazazi wake walitoka Ulaya. Sisi tungefika bandarini tungerudishwa.

Baada ya Hamel alitumia mpango uleule kwa ukubwa zaidi. Tarehe 8 Agosti, karibu na Amiens, Waaustralia na Wakanada, wakiwa na Waingereza na Wafaransa pembeni, walivunja mstari wa Wajerumani kwa siku moja, siku ambayo Ludendorff, mkuu wa upande wa pili, baadaye aliiita nyeusi kuliko zote kwa jeshi lake. Kamanda wa Wakanada, Arthur Currie, naye alikuwa afisa wa muda. Kabla ya vita aliuza viwanja na nyumba. Siku nne baadaye mfalme George V akamtawaza Monash kuwa Sir. Septemba wakavunja mstari wa Hindenburg. Oktoba watu wake, waliochoka kupita kiasi, wakatolewa mbele, na Novemba vita ikakoma.

Hapo ndipo inapoanza sehemu tunayoipenda sisi. Monash akapelekwa London kusimamia kuwarudisha askari nyumbani, kama 160,000. Meli hazikutosha. Akaweka utaratibu unaoeleweka na kila mtu: aliyetangulia kuingia vitani anatangulia kurudi, huku familia na kazi inayomsubiri mtu vikiangaliwa pia. Na wale wanaosubiri wasikae bure wakinywa na kupigana mitaani. Waliruhusiwa kwenda kujifunza viwandani, mashambani na vyuoni, na mshahara unaendelea. Kwa muda wa miezi minane hivi wengi walikuwa wameshaondoka. Ndugu zetu wa mashirika, ninyi mmeona programu za kuwarudisha wapiganaji uraiani katika nchi zetu. Mmeona vijana wanaokabidhi bunduki, wanakaa kambini miezi hawajui zamu yao ni lini, chakula kinachelewa, ufundi ulioahidiwa haufiki, mwisho wanarudi porini kwa sababu porini angalau kuna mkubwa anayewajua kwa jina.

Mwenyewe akarudi Melbourne mwisho wa 1919. Mke wake, Victoria, alifariki miezi michache baadaye. Akakabidhiwa tume ya umeme ya jimbo la Victoria, kazi ya kupata umeme kutoka makaa ya kahawia ya Yallourn, makaa mabaya ambayo zaidi ya nusu ya uzito wake ni maji. Akatumia ufundi wa Wajerumani, walewale aliopigana nao, maana wao ndio walioyajua makaa hayo. Kwa miaka mingine kumi jenerali huyu aligombana na wanasiasa kuhusu mabomba, mitambo na bajeti.

Mwaka 1930 hali ya uchumi ilikuwa mbaya kabisa, watu hawana kazi, serikali inayumba. Wakatokea watu wazito wakamwambia Monash achukue nchi, yeye pekee ndiye askari wa zamani watamfuata. Na kweli wangemfuata. Akakataa. Jibu lake lilikuwa kwamba tumaini la nchi ni sanduku la kura na wapigakura waliosoma. Akarudi kwenye umeme wake.

Alifariki tarehe 8 Oktoba 1931. Waliojitokeza barabarani kumzika wanakadiriwa kuwa 250,000 au zaidi. Kaburini kwake, makaburi ya Brighton, hakuna cheo chochote, yameandikwa maneno mawili tu: John Monash.

Mwenye babu au mzee hapo kambini anayekumbuka habari za waliobeba mizigo ya vita ile huku kwetu, mrekodini sauti mtutumie kwenye kundi. Tunataka kuandika na yao.